Kuhamishia kwenye simu gemu za RPG zilizotengenezwa na mashabiki

Mtu anayetaka kuhamishia kwenye simu gemu ya RPG (ile ambayo mchezaji humwongoza mhusika ndani ya hadithi) iliyotengenezwa na mashabiki aghalabu huanza kwa kutafuta programu ya kugeuza faili ya .exe ya Windows iwe .apk, yaani faili ya programu ya Android, na hapo ndipo anapopoteza wiki nzima, kwa sababu kugeuza kwa namna hiyo hakuwezekani. Faili ya .exe iliyomo ndani ya folda si gemu yenyewe. Ni injini tu, iliyoandikwa kwa ajili ya Windows, na kazi yake ni kufungua ramani, picha, sauti na mazungumzo yaliyohifadhiwa kando yake kama data. Kazi yetu basi ni kuiacha data hiyo kama ilivyo kadiri inavyowezekana, kutafuta injini nyingine inayoweza kuisoma ndani ya Android, kisha kurekebisha yale ambayo mtengenezaji aliyafanya akiamini kwamba mchezaji atakuwa ameketi mbele ya kompyuta yenye kibodi.

Kabla ya kugusa chochote, mwandikie aliyeitengeneza gemu na umwombe ruhusa, na ikiwezekana akupe mradi wake wa asili badala ya toleo lililofungashwa. Gemu ya mashabiki mara nyingi ina haki za watu wawili: za shabiki aliyeiandika na za kampuni inayomiliki wahusika aliowaazima. Pokémon Uranium, iliyojengwa kwa RPG Maker XP (mojawapo ya matoleo ya RPG Maker, programu ya kutengenezea gemu za RPG) na kutolewa Agosti 2016, iliondolewa viungo vyake rasmi vya kupakulia siku chache baadaye kufuatia notisi za mawakili wa Nintendo, ingawa ilikuwa inatolewa bure. Ukihamishia gemu kwenye simu yako mwenyewe ili uicheze, hilo ni jambo moja. Ukiiweka kwenye duka la programu au ukiitoza fedha, hilo ni jambo jingine kabisa, na sikushauri ulifanye.

Hatua ya kwanza ya kiufundi ni kuitambua injini, na kwa hilo inatosha kufungua folda na kutazama majina ya faili. Ukikuta RPG_RT.exe pamoja na RPG_RT.ldb, gemu hiyo ni ya RPG Maker 2000 au 2003. Faili zenye kiendelezi cha .rxdata ni za RPG Maker XP, .rvdata ni za VX, na .rvdata2 ni za VX Ace. Zikiwa zimefungwa ndani ya furushi moja, furushi hilo litaitwa Game.rgssad, Game.rgss2a au Game.rgss3a kwa mpangilio huohuo. Folda iitwayo www yenye js/rpg_core.js ndani yake ni ya RPG Maker MV ya mwaka 2015, na ukikuta js/rmmz_core.js, basi ni MZ ya mwaka 2020.

Gemu za 2000 na 2003 ndizo rahisi kuliko zote, kwa kuwa kuna EasyRPG Player, injini huria iliyoandikwa upya ili kusoma data ya RPG Maker hizo mbili, nayo ina toleo la Android. Unaisakinisha, unanakili folda nzima ya gemu ndani ya folda uliyoichagua katika EasyRPG Player kuwa ya kuwekea gemu, na kwa kawaida gemu inafunguka. Matatizo mawili tu ndiyo hujirudia. La kwanza ni kwamba gemu nyingi za enzi hizo hazikubeba picha na sauti zote. Zilitegemea furushi la RTP ambalo mchezaji alilisakinisha peke yake kwenye Windows, kwa hiyo kwenye simu utakutana na picha zinazokosekana mpaka uweke furushi hilo au lile mbadala lililotengenezwa na mradi wa EasyRPG wenyewe.

La pili ni usimbaji wa herufi, yaani namna herufi zinavyohifadhiwa kama namba, nalo lina vituko vyake. Niliwahi kujaribu gemu ya 2003 ambayo mazungumzo yake yalikuwa yametafsiriwa kwa Kiswahili, na kila kitu kilisomeka vizuri isipokuwa ng'ombe, ambaye kila alipotajwa alitokea na herufi ya Kijapani tumboni, huku irabu yake ya o ikiwa imetoweka. Sababu ni kwamba mfasiri alitumia kiapostrofi kilichopinda, ambacho katika usimbaji wa 1252 wa Ulaya Magharibi huhifadhiwa kwa baiti yenye thamani ya 0x92. Injini ilikuwa imedhani kwamba maandishi yanatumia usimbaji wa Kijapani wa 932, ambamo baiti hiyohiyo huashiria mwanzo wa herufi inayochukua baiti mbili, kwa hiyo ikaimeza na o iliyofuata. Dawa yake ni kufungua RPG_RT.ini kwa kihariri cha maandishi na kuongeza mistari miwili mwishoni:

[EasyRPG]
Encoding=1252

Gemu zilizoandikwa kwa Kijapani zitahitaji 932, na za Kirusi 1251. Kama gemu ya 2003 inatumia DynRPG, yaani nyongeza za .dll, ujue kwamba nyongeza hizo ni msimbo wa Windows ambao simu haiwezi kuuendesha. Angalia kwanza kama EasyRPG imeuandika upya uwezo huo. Kama haijauandika, gemu itafunguka lakini mfumo uliotegemea nyongeza hiyo hautafanya kazi.

Kwa XP, VX na VX Ace nitasema machache. Injini hizi huendesha hati, yaani msimbo ulioandikwa kwa lugha ya Ruby, na kwenye Android njia inayotumiwa sana ni programu ya JoiPlay, ambayo huongezewa programu-jalizi yake ya RPG Maker. Kinachoangusha gemu hapa ni hati zinazoita Win32API, yaani uwezo wa Windows yenyewe, mathalani zile zinazosoma kibodi moja kwa moja kupitia GetAsyncKeyState ili mchezaji atumie herufi zote za kibodi. Tafuta neno Win32API katika hati zote za mradi. Kila unapolikuta, amua kama unaweza kuondoa mstari huo au kuurudisha kwenye Input ya kawaida ya injini. Bila mradi wa asili kazi hii ni ngumu, ndiyo maana nilisisitiza kumwandikia mwenye gemu kwanza.

MV ndiyo inayostahili muda wako, kwa kuwa inakuwezesha kutoa APK inayojitegemea. Gemu ya MV ni ukurasa wa wavuti ulioandikwa kwa JavaScript, na ile .exe ya Windows ni kivinjari kilichofichwa kiitwacho NW.js. Unachohitaji ni kivinjari kingine cha kuibeba, na Apache Cordova inafanya hivyo kwa kutumia WebView, kivinjari ambacho tayari kimo ndani ya Android. Ukishasakinisha Node.js, JDK (zana za Java), zana za Android na Cordova yenyewe kwenye kompyuta, andika amri hizi katika dirisha la amri:

cordova create gemu com.mfano.gemu Gemu
cd gemu
cordova platform add android

Futa vilivyomo ndani ya folda ya www iliyoundwa na Cordova, weka vilivyomo ndani ya www ya gemu, kisha andika cordova build android. APK ya majaribio itapatikana ndani ya platforms/android/app/build/outputs/apk/debug. Katika config.xml ongeza mapendeleo ya Orientation yenye thamani ya landscape na Fullscreen yenye thamani ya true, la sivyo gemu itajibana katikati ya skrini iliyosimama wima.

Mara ya kwanza gemu itafunguka, itaonyesha jina lake, kisha itakwama ikisema "Failed to load" ikifuatiwa na jina la picha, nawe ukienda kutazama utaikuta picha hiyo ipo. Tazama tena, herufi kwa herufi. Ramani inaomba img/characters/Mzee.png ilhali kwenye folda kuna mzee.png. Windows haitofautishi herufi kubwa na ndogo katika majina ya faili, kwa hiyo mtengenezaji hakuwahi kuliona kosa hilo. Faili zilizomo ndani ya APK hutofautishwa. Kinachowachanganya wengi zaidi ni kwamba gemu hiyohiyo, ikifunguliwa kutoka kwenye hifadhi ya kawaida ya simu kwa kupitia JoiPlay, huenda ikacheza bila tatizo, kwa kuwa hifadhi hiyo nayo kwa kawaida haitofautishi herufi. Usirekebishe faili moja moja kila gemu inapokwama. Andika hati fupi inayolinganisha majina yaliyomo ndani ya faili za data/*.json na majina halisi yaliyomo ndani ya img na audio, irekebishe yote kwa pamoja, kisha upitie kwa macho majina yaliyoandikwa ndani ya programu-jalizi, kwa sababu hayo hati yako haitayaona. Wakati huohuo hakikisha hakuna folda ambayo jina lake linaanza na mstari wa chini, kwani zana za Android huziruka folda za aina hiyo zinapofungasha na hazikuambii lolote.

Baada ya picha huja sauti. Ndani ya js/rpg_managers.js kuna AudioManager.audioFileExt, ambayo huchagua .ogg kwenye kompyuta na .m4a kwenye simu, wakati gemu nyingi zilizotolewa kwa ajili ya Windows hubeba .ogg pekee. Unaweza kugeuza sauti zote kwa ffmpeg, lakini kwa Android hakuna haja ya kujichosha, kwa kuwa WebView yake inacheza .ogg vizuri, badilisha sehemu hiyo irudishe '.ogg' daima, na kazi imekwisha. Ukikuta .rpgmvo na .rpgmvp badala ya .ogg na .png, faili hizo zimesimbwa kwa fumbo na mtengenezaji, na pa kupata zilizo wazi ni kwake.

Programu-jalizi zinazotumia require('fs'), require('path') au maktaba ya Steam zitaiangusha gemu kabla hata ya skrini ya mwanzo, kwa sababu vitu hivyo vimo ndani ya NW.js tu. Zifungie ndani ya sharti la if (Utils.isNwjs()), au uzizime ikiwa kazi yake ni mapambo. Ili kujua ni ipi iliyoangusha, usibahatishe: unganisha simu na kompyuta kwa waya, washa utatuzi wa USB (USB debugging) kwenye simu, fungua chrome://inspect katika Chrome ya kompyuta, na utaona kosa pamoja na nambari ya mstari.

Kuhusu skrini, fanya hesabu kabla ya kuchora vitufe. Picha ya MV ina piseli 816 kwa 624. Kwenye simu ya piseli 1600 kwa 720 iliyolazwa, itakuzwa hadi kufikia urefu wa 720 na upana wake utakuwa takriban 941, kwa hiyo kila upande utabaki na ukanda mweusi wa piseli kama 329, ambao unatosha kabisa kuweka vitufe vya mwelekeo kushoto na vya kitendo kulia bila kufunika hata jani moja la ramani. (Gemu za 2000 na 2003, zenye 320 kwa 240, hukua mara tatu kamili kwenye simu hiyohiyo, ndiyo maana picha zake hutokea safi.) MV tayari inaelewa kugusa: kidole kimoja humtembeza mhusika hadi ulipogusa, na vidole viwili kwa pamoja hufungua menyu au kughairi, lakini mchezaji hawezi kulijua hilo asipoambiwa, kwa hiyo liandike kwenye mazungumzo ya mwanzo. Kwa vitufe vya kuchora, hakuna haja ya programu-jalizi kubwa. Kitufe kinapoguswa weka Input._currentState['ok'] = true, na kinapoachiwa iwe false, na vivyo hivyo kwa 'left', 'pageup' na vinginevyo.

Simu yenye RAM ndogo itakusumbua kwenye picha kubwa. Picha ya piseli 2000 kwa 2000 inaweza kuwa na kilobaiti 300 tu kwenye diski, lakini ikishafunguliwa kila piseli huchukua baiti nne, yaani takriban megabaiti 16. Ramani iliyochorwa kwa tabaka tatu za namna hiyo, ikiongezewa programu-jalizi ya mwanga, hutosha kuifanya simu ya bei nafuu iifunge gemu ghafla. Anza kwa kuzima programu-jalizi ya mwanga, na ikiwa haitoshi, punguza picha.

Limebaki suala la kuhifadhi, ambalo wengi hulikumbuka wachezaji wakishaanza kulalamika. Kwenye Windows, MV huhifadhi katika folda ya save. Kwenye simu huhifadhi katika localStorage, yaani hifadhi ya ndani ya WebView, na programu ikifutwa, hifadhi zote hufutika nayo. Cordova ya Android kuanzia toleo la 10 ilibadilisha anwani ya ndani inayotumia kufungulia kurasa, kwa hiyo APK iliyojengwa kwa toleo la zamani ikiboreshwa kwa jipya hupoteza hifadhi za mchezaji hata bila kufutwa. Chagua toleo moja na ubaki nalo. Vilevile unda ufunguo wako wa kutia saini APK kwa keytool, zana inayokuja na JDK, kabla ya kumpa mtu yeyote APK ya kwanza, na uweke nakala yake mahali pawili. Mimi niliwahi kugawa APK ya majaribio iliyotiwa saini kwa ufunguo wa kompyuta niliyoifuta baadaye, na toleo la pili likakataa kusakinishwa juu ya lile la kwanza, ikawabidi waliokuwa wameshafika kwenye pango la mwisho wafute gemu na waanze tena kijijini.