Diski yako ya nje inajikokota? Soma hapa kabla ya kuifanyia defragi

Miaka kadhaa iliyopita mwalimu wa kwaya kutoka Kawangware aliniletea diski ya nje ya terabaiti 1. "Fundi, inajikokota," akaniambia. "Nikifungua folda ya nyimbo naweza kwenda kuteka maji nikarudi, bado inatafuta." Nikaichomeka, nikaona mafaili yamekatikakatika vipande, nikaanzisha defragi, ile kazi ya kukusanya vipande vya mafaili mahali pamoja, na kufunga kibanda. Asubuhi ilikuwa inagonga tik, tik, tik, na kompyuta haikuiona tena. Rekodi za miaka tisa zilikuwa humo, na nakala nyingine hakuna. Ile diski ilikuwa mgonjwa, nami nikaifanyisha kazi nzito usiku kucha. Tangu siku hiyo sigusi defragi kabla sijajua diski ni ya aina gani na ni nzima kiasi gani.

Anza na aina. Hapa Luthuli Avenue, Nairobi, spika zinajaribiwa tangu asubuhi, kwa hivyo sikio halinisaidii. Mimi hutumia kiganja. Ichomeke, iache imelala mezani, kisha weka mkono juu yake. Usiinue, maana diski inayozunguka haipendi kutikiswa. Ukisikia mtetemo mdogo usiokatika, ndani mna sahani na kichwa cha kusomea. Ikiwa imetulia kama jiwe, huenda ni SSD, yaani diski inayohifadhi data kwenye chipu. Flashi na memori kadi hazina kitu kinachozunguka kabisa. Kwenye Windows unaweza kuhakikisha: andika dfrgui kwenye sehemu ya kutafutia, na dirisha litakalofunguka litakuonyesha aina ya kila diski. Usiliamini moja kwa moja, kwani SSD iliyo ndani ya kasha la USB wakati mwingine husomwa kama diski ya kawaida.

Kwa nini aina ni muhimu hivyo? Diski nyingi za nje za mfukoni huzunguka mara 5,400 kwa dakika, yaani mara 90 kwa sekunde. Faili likiwa limetawanyika, kichwa husogea hadi kipande cha kwanza, husubiri sahani izunguke, husoma, kisha huanza safari ya kipande kinachofuata. Kila safari huchukua takriban milisekunde 15 hadi 20. Faili lenye vipande 2,000 litakuongezea zaidi ya nusu dakika ya kusubiri. Hapo defragi ina kazi ya maana: inakusanya vipande na kuviweka mahali pamoja.

Kwenye flashi na SSD safari hiyo haipo. Kipande kikiwa mwanzo au mwisho, kukifikia ni karibu muda uleule. Tena chipu ya ndani huhamisha data yenyewe ili seli zote, vile vyumba vidogo vinavyohifadhi data, zichakae kwa usawa, kwa hivyo mpangilio unaouona kwenye Windows sio uliopo kwenye seli. Seli nazo zina idadi ya mara zinazoweza kuandikwa na kufutwa kabla ya kuchoka. Ukifanya defragi unaandika upya gigabaiti baada ya gigabaiti na kasi inabaki ileile. Flashi usiifanyie defragi. Memori kadi ya kamera, vivyo hivyo. SSD ya nje inahitaji kitu kingine kiitwacho TRIM, ambacho huijulisha ni nafasi zipi hazina kazi tena: fungua Command Prompt, dirisha la kuandikia amri, kama msimamizi, andika defrag E: /L, ukibadilisha E kwa herufi ya diski yako. Kasha lisipokubali, utaambiwa hapohapo.

Sasa turudi kwenye diski ya kuzunguka. Nakili kwanza vitu usivyoweza kuvipata tena. Kisha pima afya yake. Mimi hutumia programu ya CrystalDiskInfo, ni ya bure. Tazama mstari wa 05 na wa C5. Wa kwanza unahesabu sehemu zilizoharibika zikabadilishwa, wa pili zile ambazo diski inashindwa kuzisoma vizuri. Namba za safu ya Raw Values zikianza kupanda juu ya sifuri, au ukisikia kugonga, achana na defragi. Toa data, nunua diski nyingine.

Ikiwa ni nzima, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika defrag E: /A, E ikiwa herufi ya diski yako. Hiyo inachunguza tu, haihamishi chochote. Ikisema kilichokatika vipande ni chini ya asilimia 10, mimi huacha. Windows yenyewe haihesabu vipande vinavyozidi megabaiti 64, na ni sawa: filamu iliyokatwa vipande vikubwa hivyo haitakusumbua ukiitazama. Wanaofaidika ni wenye maelfu ya mafaili madogo yanayofutwa na kuandikwa kila siku. Acha angalau asilimia 15 ya diski iwe wazi, zima usingizi wa kompyuta, kisha andika defrag E: /U. Tumia laptopu yenye betri inayoshika chaji. Stima ikipotea kwenye kompyuta ya mezani katikati ya kazi hii, utakuwa umeihatarisha data yako.

Jambo moja ambalo mafundi wengi hawalisemi: diski nyingi za mfukoni za terabaiti 2 na zaidi huandika data kwa njia zinazopandana kama mabati ya paa. Ukitaka kubadilisha bati la chini, lazima uinue la juu. Defragi kwenye diski ya namna hiyo inaweza kuchukua siku nzima na zaidi. Kwa hizo, na kwa kweli kwa karibu diski zote za nje, napendelea njia nyingine: hamisha kila kitu kwenye diski ya pili, kagua kwamba mafaili yanafunguka, fomati ile ya kwanza, kisha rudisha. Mafaili yataandikwa kwa mfululizo, na nakala tayari unayo.

Na flashi inayojikokota? Jaribu tundu lingine, lile la buluu, la USB 3 lenye kasi zaidi, kama lipo. Mafaili madogo mengi yafunge kwenye zip moja kabla ya kuyahamisha. Kama ulinunua ya gigabaiti 512 kwa bei ya chai na mandazi njiani, ijaribu kwa programu ya H2testw ikiwa tupu. Itaijaza na kuisoma tena, uone ukubwa wake wa kweli. Ikikataa kuandikwa kabisa lakini bado inasomeka, nakili vilivyomo siku hiyohiyo.

Yule mwalimu bado huja. Ana diski mbili sasa, moja nyumbani na nyingine kwenye kabati la kanisa, na kila akirekodi anazileta zote nizipime mstari wa 05 na wa C5 yeye akiwa amesimama hapo.