Namna ya kuchambua sinema ya kauboi: kisasili cha mpaka, hatua kwa hatua

Mpwa wangu anasoma sanaa za maonyesho chuoni, na hivi karibuni alipewa swali: "Jadili jinsi sinema za kauboi zilivyojenga utaifa wa Marekani." Akaniletea rasimu. Karibu yote ilikuwa inasimulia sinema tangu mwanzo hadi mwisho, nani kampiga nani risasi, kisha aya moja ya hukumu: Wamarekani waongo. Nimesahihisha insha za swali hili kwa muda mrefu, na nyingi huishia kwenye mashimo hayo mawili, la kusimulia upya na la kuhukumu. Huu hapa ndio utaratibu niliompa.

Kisasili tunachokitafuta ni kile kinachosema kwamba Marekani ilizaliwa pale makazi ya Wazungu yalipokutana na pori, na kwamba kila mpaka huo uliposogea magharibi, ndivyo Mmarekani alivyozidi kuwa Mmarekani: huru, mkakamavu, asiyengoja serikali imfikie.

Hatua ya 1: Chagua sinema moja

Moja tu. Si "sinema za John Ford kwa ujumla". Mimi humpa kila anayeanza The Searchers, aliyoiongoza Ford na kutoka mwaka 1956, steringi akiwa John Wayne. Ni habari ya Ethan Edwards, aliyepigania upande wa Kusini kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe, anayezunguka miaka mitano akimtafuta Debbie, mtoto wa ndugu yake aliyetekwa na Wakomanche, taifa mojawapo la Wenyeji wa Marekani, wale walioitwa Wahindi Wekundu.

Kuna watakaokwambia uanze na Sergio Leone kwa sababu muziki ni mtamu na steringi wake Clint Eastwood anapendeza. Usiwasikilize. Leone ni Mwitaliano, picha zake za kauboi sehemu kubwa alizipigia Hispania, na alikuwa anachezea simulizi ambayo Wamarekani walishaimaliza kuijenga. Kuanza naye ni sawa na kusikia mpasho wa kujibu kabla ya ule wa kwanza: utacheka, ila hujui nani kasemwa.

Hatua ya 2: Nakala na vifaa

Tafuta nakala ambayo haijatafsiriwa juu kwa juu. Zile za kibanda umiza, ambazo mtafsiri anaongea juu ya sauti za wahusika, ni burudani na mimi mwenyewe nakaa nazo hadi usiku. Lakini mtafsiri ana utani wake na hadithi yake. Ukimnukuu yeye ukidhani unamnukuu Ford, umekwisha.

Fungua kwenye kompyuta kwa VLC. Simu hapana, nusu ya ushahidi wako uko mbali kwenye upeo wa macho, na kwenye kioo kidogo huuoni. Kitufe cha E kinasogeza picha mojamoja, na kwangu hicho peke yake kinatosha kuziacha programu nyingine zote. Andika kwa kalamu, kwenye kaunta buku, safu tatu: dakika, kinachoonekana, kinachosemwa.

Hatua ya 3: Soma historia kidogo, usizame

Unahitaji mambo machache. Mwaka 1890 watu wa sensa ya Marekani walitangaza kuwa mstari wa mpaka hauchoreki tena, maana makazi yameshatapakaa. Desemba ya mwaka huohuo, mahali paitwapo Wounded Knee, wanajeshi waliwaua Walakota, taifa jingine la Wenyeji, zaidi ya 150, wanawake na watoto wakiwemo. Mwaka 1893 mwanahistoria kijana, Frederick Jackson Turner, akasoma hotuba Chicago wakati wa maonyesho makubwa ya dunia, akidai kuwa ardhi ya bure na kusogea kwa mpaka ndiko kulikozaa demokrasia ya Marekani. Kiangazi hichohicho, pembeni tu ya viwanja vya maonyesho, Buffalo Bill, mwenye kundi la maonyesho ya Magharibi, alikuwa anawaonyesha watu farasi, bunduki na mashambulizi ya kuigiza, akiwatumia Walakota wenyewe.

Shujaa wa Turner ni mkulima mwenye shoka na jembe, na ardhi yake karibu haina mtu. Shujaa wa Buffalo Bill ana bunduki, na ardhi yake imejaa maadui. Sinema ilimfuata Bill. Mwaka 1903, Edwin Porter alipotengeneza The Great Train Robbery, picha ya dakika 12 hivi ambayo wengi huihesabu kuwa mama wa sinema za kauboi, "Magharibi" yake ilipigwa New Jersey, mashariki kabisa, karibu na New York. Basi, inatosha. Ukiendelea kusoma utaandika insha ya historia.

Hatua ya 4: Tazama mara ya kwanza bila kuandika chochote

Weka kalamu mbali.

Hatua ya 5: Tafuta kamera imesimama wapi

Rudi mwanzo. Skrini ni nyeusi. Mlango unafunguka na mwanamke, tunayemwona kwa mgongo, anasimama kizingitini akitazama nje kwenye mwanga mkali. Mbali kabisa kuna mtu juu ya farasi. Sasa nenda mwishoni. Debbie anaingizwa ndani, wenye nyumba wanaingia, wote wanaipita kamera. Ethan anabaki nje, mkono wa kushoto umeshika kiwiko cha mkono wa kulia. Anageuka, anaondoka, mlango unafunga, giza.

Kamera ilikuwa ndani mara zote mbili. Kabla hujaambiwa nani mwema nani mbaya, umeshapangiwa chumba kwa walowezi. Nje ndiko pori, na kila kinachotoka huko kinakuja kwako kama mgeni au kama hatari. Andika dakika ya kila picha inayotazama nje kutoka ndani ya kitu chenye kivuli. Ziko kadhaa, na si za nyumba tu.

Kisha jiulize nani anabaki nje mlango ukifunga. Ni yuleyule aliyeiokoa nyumba. Shane, ya mwaka 1953, inaisha vilevile: mwenye bastola anawamaliza wabaya, halafu anapanda farasi na kuondoka huku mtoto akimwita. Jamii inamhitaji muuaji ila haiwezi kuketi naye mezani, na sinema inakuomba umhurumie badala ya kuuliza mauaji yenyewe yalikuwa ya nini.

Hatua ya 6: Tenganisha miaka mitatu

Hapa ndipo watu wanapopotelea kwa masaa, kwa hiyo twende taratibu.

Kila sinema ya kauboi ina miaka mitatu. Kuna mwaka wa hadithi: The Searchers inaanza na maandishi yanayosema Texas, 1868. Kuna mwaka wa kutengenezwa: 1956. Na kuna miaka ya historia yenyewe, ambayo inaweza kuwa tofauti na yote miwili. Mwanafunzi akishajua hivyo, anakimbilia kulinganisha wa kwanza na wa tatu, na anatoka na orodha ya makosa. Chifu Scar, kiongozi wa Wakomanche waliomteka Debbie, ameigizwa na Henry Brandon, Mzungu mzaliwa wa Ujerumani. Wakomanche wengine wameigizwa na Wanavaho, taifa jingine kabisa. Texas yenyewe si Texas, ni Monument Valley, mpakani mwa Arizona na Utah, kwenye ardhi ya Wanavaho. Kweli tupu, zote.

Mpwa wangu akaniuliza, "Sasa mjomba, kama ni uongo, si niseme tu ni uongo?"

"Sema, mwanangu, lakini utakuwa umemaliza kwa sentensi moja. Kurasa zilizobaki utaandika nini?"

Kosa la kihistoria ni mlango wa kuingilia tu. Kila ukiliona, uliza: uongo huu unafanya kazi gani? Chukua ile nyumba ya Edwards. Imejengwa chini ya miamba mirefu, udongo mwekundu pande zote, majani ya kulisha ng'ombe huyaoni. Mfugaji gani angejenga pale? Hakuna. Lakini miamba ile inaifanya ardhi ionekane kubwa, ya kale na tupu, kana kwamba haijawahi kuwa na mwenyewe, na mlowezi anaonekana mdogo na jasiri. Hilo sasa unaweza kulijadili kwa kurasa mbili.

Mfano mgumu zaidi, na ndio niupendao. Mwaka 1836 Wakomanche walimteka msichana wa Kizungu huko Texas, Cynthia Ann Parker, akiwa na umri wa miaka tisa hivi. Alikulia kwao, akaolewa, akazaa. Mwaka 1860 Wazungu walipomchukua kwa nguvu, hakutulia. Alijaribu kutoroka arudi kwa watu wake, yaani Wakomanche. Mwanawe, Quanah Parker, akawa kiongozi mkubwa. Sasa mtazame Debbie. Anapopatikana, kwanza anasema hawa ndio watu wangu, ondokeni. Baadaye kidogo anaamshwa usiku na kukubali kuondoka, na sinema haituelezi nini kimembadilisha. Peleka picha mojamoja pale, tafuta sababu. Hutaipata. Kisasili kinamtaka arudi nyumbani, basi amerudi.

Tahadhari ya kwanza: usiseme sinema haijui. Ford anajua mengi kuliko steringi wake. Scar anaeleza kuwa wanawe wawili waliuawa na Wazungu, ndiyo maana anaua. Na mwanzoni, Debbie anapojificha karibu na kaburi la bibi yake, simamisha picha usome jiwe: limeandikwa kuwa aliuawa na Wakomanche, mwaka 1852. Linapita haraka sana, wengi hawalioni maisha yao yote. Kwa hiyo kisasi cha Ethan na kisasi cha Scar vimewekwa sambamba, makusudi. Tofauti ni kwamba mmoja tumepewa kaburi la mama yake, na wa pili tumepewa sentensi tu.

Tahadhari ya pili inahusu mwaka wa kutengenezwa, ambao wanafunzi huuruka. Sinema inaongea na watu walionunua tiketi. Mwaka 1954 Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kuwa kutenga shule kwa rangi ni kinyume cha katiba, na nchi nzima ilikuwa inabishana watoto wa Wazungu wachanganyike na nani. Mwaka 1956 wenyewe serikali ilipitisha sheria ya kuwahimiza Wenyeji watoke kwenye maeneo yao wahamie mijini. Ndani ya hali hiyo, mtu anakaa kwenye ukumbi akimtazama Ethan anayetaka kumuua mtoto wa ndugu yake kwa kuwa ameishi na Wakomanche. Lakini usiandike "Ford alikuwa anajibu hukumu ya mahakama" kama huna ushahidi wake. Andika watazamaji waliishi ndani ya nini.

Ukitaka kuona mwaka wa kutengenezwa ukifanya kazi waziwazi, weka mbili pamoja. High Noon, 1952: afisa wa sheria anaomba msaada mji mzima, anakataliwa, anashinda, anaitupa beji yake mavumbini. Mwandishi wake, Carl Foreman, aliitwa mbele ya kamati ya Bunge iliyokuwa inasaka wakomunisti wakati picha ikitengenezwa, na akaishia kuhamia Uingereza. John Wayne na mwongozaji Howard Hawks hawakuipenda kabisa, wakaijibu kwa Rio Bravo, 1959, ambamo sherifu hataki kuwaingiza raia wasio na ujuzi kwenye vita vyake. Hapo watu wazima walikuwa wanagombania Marekani ya miaka ya 1950, wamevaa kofia za karne iliyotangulia.

Tahadhari ya tatu: andika na wasioonekana. Ufugaji wenyewe, kamba, tandiko na maneno mengi ya kazi vilitoka kwa wachungaji wa Meksiko. Makauboi weusi walikuwa wengi. Bass Reeves, aliyezaliwa utumwani, alikuwa afisa wa sheria wa serikali kuu kwa miaka zaidi ya 30. Na ukiwataja Wenyeji, taja taifa: Wakomanche, Walakota, Waapache. Kuwaweka kapu moja ndivyo sinema zilivyofanya.

Hatua ya 7: Fuata kisasili nje ya ukumbi

Fupi, aya moja ya insha. Kennedy alipokubali uteuzi wa kugombea urais, Los Angeles mwaka 1960, alizungumzia "Mpaka Mpya". Vietnam, wanajeshi wa Marekani waliyaita maeneo ya adui nchi ya Wahindi Wekundu. Mwaka 2011, kwenye operesheni ya kumuua Osama bin Laden, jina la siri lililotumika lilikuwa Geronimo, la kiongozi wa Waapache. Chagua moja.

Utatamani pia kuwaweka vijana wa Kinshasa wa miaka ya 1950, enzi inaitwa Léopoldville, waliojiita Bills kwa ajili ya Buffalo Bill na kutembea na jinzi na skafu shingoni. Ni habari tamu. Ila swali lako ni la utaifa wa Marekani, na wale walichukua mavazi na madaha, taifa wakaliacha hukohuko. Watunzie insha nyingine.

Hatua ya 8: Sentensi ya dai

Iandike mwisho, iweke mwanzoni. Mpwa wangu alifika hapa: "The Searchers inamrudisha Debbie bila kumuuliza na kumfungia Ethan nje bila kumshtaki, na kwa kufanya hivyo inawaruhusu watazamaji wa 1956 kuirithi ardhi bila kurithi damu iliyomwagika." Ni ndefu, nilimwambia aikate, amekataa. Baada ya kila dai weka dakika kwenye mabano, kutoka safu ya kwanza ya kaunta buku. Dai likikosa dakika, lifute.