Namna ya Kuandaa Usiku wa Hadithi za Kutisha Kando ya Ziwa

Chagua usiku wa mbalamwezi. Ushauri huu unaweza kumshangaza mtu aliyezoea kudhani kwamba hadithi za kutisha zinataka giza, lakini kwa sisi tunaoishi Kirumba, Mwanza, kando ya Ziwa Victoria, na mialo ya jirani sababu yake ni ya kazi: dagaa huvuliwa kwa taa katika usiku wa giza, na mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti samaki, kwa hiyo wavuvi hubaki nyumbani na mitumbwi huvutwa ufukweni. Hizo ndizo siku utakazopata wasikilizaji wenye nafasi ya kukaa saa nzima bila mtu kuitwa.

Kitabu cha kusomea kiwe mkusanyiko wa hadithi fupi, wala si riwaya. Riwaya humruhusu msomaji kuiweka chini, akalala, akaenda kazini, kisha akairudia, na kila anapoirudia inambidi aanze upya kuogopa. Hadithi fupi haimpi nafasi hiyo. Mwandishi wa Marekani Edgar Allan Poe alilieleza jambo hili mwaka 1842 aliposema kwamba hadithi inayosomwa kwa mkao mmoja humweka msomaji mikononi mwa mwandishi kwa muda wote huo, bila shughuli za dunia kuingilia kati. Nami naamini ndiyo sababu mikusanyiko ya zamani ingali inachapishwa na kusomwa: kila hadithi iliyomo imekatwa kwa kipimo cha kikao kimoja, na kikao ni kitu tunachokijua tangu bibi zetu walipotuita “Hadithi, hadithi” nasi tukaitikia “Hadithi njoo”.

Kwa anayedhani kwamba vitabu vya namna hii ni vya kupotezea muda tu, humweleza habari ya ziwa jingine. Mwaka 1815 volkano ya Tambora ililipuka huko Indonesia na kuvuruga hali ya hewa ya mbali sana, hata Juni 1816 mshairi wa Kiingereza Lord Byron na wageni wake wakafungiwa ndani na mvua kando ya ziwa la Geneva, nchini Uswisi. Wakawa wanasomeana mkusanyiko wa hadithi za mizuka za Kijerumani uliotafsiriwa kwa Kifaransa, ndipo Byron akapendekeza kila mmoja atunge ya kwake. Katika kikao hicho Mary Shelley, aliyekuwa na umri wa miaka 18, alipata mwanzo wa riwaya ya kutisha ya Frankenstein, iliyochapishwa mwaka 1818, na daktari John Polidori akapata mwanzo wa hadithi ya mnyonya damu iliyotoka mwaka 1819.

Kuvipata vitabu si kazi ngumu. Wauza vitabu vya mitumba wanaotandika bidhaa zao kando ya barabara mjini mara nyingine huwa na mikusanyiko ya Kiingereza iliyochakaa majalada, na maktaba ya mkoa inafaa kuulizwa. Njia ya uhakika zaidi ni intaneti, kwa kuwa Project Gutenberg, iliyoanzishwa mwaka 1971, hutoa bure kazi za kale ambazo hakimiliki zake zimekwisha, na humo utampata Poe, utampata Mwingereza M. R. James ambaye mkusanyiko wake wa kwanza wa hadithi za mizuka ulitoka mwaka 1904, na utampata Mwingereza mwenzake W. W. Jacobs. Pakua mapema, usisubiri jioni yenyewe, maana umeme na mtandao vinaweza kukatika kwa pamoja.

Kazi inayotaka moyo ni kuchagua hadithi. Katika kikao changu cha pili nilisoma hadithi ya maiti anayerudi kutoka majini. Niliichagua kwa sababu tulikuwa hatua chache tu kutoka ziwani, nikadhani mahali penyewe patanisaidia. Kabla sijafika katikati, mzee mmoja aliinuka, akachukua fimbo yake, akaondoka bila kuaga. Asubuhi nilipokwenda kumpa shikamoo na kumwomba radhi, aliitikia, akaninyoshea kigoda, akaniambia: “Mwanangu, mpwa wangu alikuwa ndani ya MV Bukoba, na mwili wake hatukuupata.” Meli hiyo ilizama tarehe 21 Mei 1996, na hapa Mwanza ni vigumu kukusanya watu wazima wengi bila kuwamo aliyepoteza ndugu siku ile, au tarehe 20 Septemba 2018, MV Nyerere ilipopinduka karibu na Ukara. Nilikuwa nimeyajua hayo yote, na bado sikuyafikiria nilipokuwa nikifungua kitabu. Tangu siku hiyo maji yanayorudisha wafu hayaguswi katika vikao vyangu, hata hadithi iwe nzuri kiasi gani, na ninamsihi kila atakayefuata mwongozo huu afanye vivyo hivyo.

Angalia pia ni nani anayebebeshwa lawama ndani ya hadithi. Katika Usukuma bibi vizee wameuawa kwa kushukiwa uchawi, na macho yao mekundu, yaliyoharibiwa na moshi wa jikoni wa miaka mingi, yamechukuliwa kuwa ushahidi. Kwa hiyo hadithi ambayo kikongwe ndiye mchawi, na ambayo wasikilizaji hufurahia anapochomwa moto, mimi siisomi. Lakini ipo hadithi ya Poe ya mwaka 1843, “The Tell-Tale Heart”, ambayo naiona kana kwamba iliandikwa kwa ajili yetu. Msimulizi anaishi na mzee ambaye hajamkosea neno. Anachokichukia ni jicho lake moja la buluu hafifu, lililofunikwa na utando. Usiku saba mfululizo anaufungua mlango wa mzee polepole na kuingiza taa iliyozibwa, akikuta jicho limefumbwa, na usiku wa nane anapolikuta wazi anamuua mzee na kumficha chini ya mbao za sakafu. Halafu, akiwa ameketi mbele ya askari, anausikia moyo wa marehemu ukidunda, mpaka anapiga kelele na kukiri. Jicho halikufanya lolote. Kinachotisha ni huyu anayesisitiza kwamba ana akili timamu, huku akieleza kwa utulivu jinsi alivyoipanga kila hatua kwa ajili ya jicho la mwenzake. Mara ya kwanza nilipoisoma, mama mmoja aliuliza swali moja tu: “Kwani huyo mzee aliwahi kuambiwa kosa lake?” Nikamjibu hapana, na kwa muda hakuna aliyesema kitu.

Ukishachagua, tafsiri kwa maandishi siku kadhaa kabla. Usijaribu kutafsiri papo kwa papo, kwa sababu kila unapokwama kutafuta neno hofu inamwagika. Hapa ndipo utakapogundua kwamba viumbe wa usiku wana majina yenye uzito tofauti. Mzimu, kwa wengi wetu, ni wa wahenga na unastahili heshima, na ukiutumia kwa kila kivuli kiovu cha Kiingereza utawakosea wazee. Jini lina pwani na dini ndani yake. Msukule ni neno la hatari kuliko yote, kwa kuwa likitamkwa tu watu huanza kumtafuta jirani aliyemfanya. Mimi hupendelea mzuka, kwa sababu limetokana na kuzuka, kutokea ghafla pasipotarajiwa, na ndivyo hasa wanavyofanya viumbe wa James. Nchi ya hadithi usiihamishe: acha Uingereza ibaki Uingereza yenye baridi na moto wa ndani ya nyumba, wasikilizaji wataifikia wenyewe.

Jambo moja tu hutaka uamuzi mzito wa tafsiri, nalo lipo katika hadithi ninayoipenda kuliko zote kwa kusoma kwa sauti, “The Monkey's Paw” ya Jacobs, ya mwaka 1902. Mzee White na mkewe wanapata mkono mkavu wa nyani kutoka India, unaotimiza maombi matatu. Wanaomba pauni 200. Kesho yake mwana wao Herbert ananaswa na mashine kiwandani na kufa, na kampuni inawaletea fidia ambayo ni pauni 200 kamili. Baada ya mazishi mama anamlazimisha mumewe aombe kijana arudi, na usiku mlango unagongwa. Sasa, kwetu sisi mgeni hubisha hodi kwa mdomo, na wengi tumelelewa tukijua kwamba anayegonga usiku bila kutoa sauti hafunguliwi. Kwa hiyo neno hodi usiliandike popote katika ukurasa huo. Gonga upande wa chini wa meza kwa kifundo cha kidole, mara moja, polepole kiasi kwamba wa nyuma watadhani wamekosea, kisha nyamaza uhesabu moyoni mpaka tano. Gonga tena. Halafu soma jinsi mama anavyoondoa mnyororo na komeo la chini, asilifikie la juu, akaburuta kiti, huku baba akipapasa sakafuni kwa magoti akiutafuta ule mkono. Jacobs hasemi baba aliomba nini, wala haonyeshi kilichokuwa nje. Mlango unapofunguliwa kuna barabara tupu chini ya taa. Usiongeze hata neno moja hapo. Nimewahi kusikia msomaji akieleza hali ya maiti ilivyokuwa, na kikao kizima kikageuka kicheko.

Taa iwe moja, nyuma ya bega la msomaji, ili mwanga uangukie karatasi na uso ubaki kivulini. James mwenyewe alikuwa akiwasomea rafiki zake hadithi zake wakati wa Krismasi katika chuo cha King's, Cambridge, kwa mwanga wa mshumaa, na mtu akishakaa hivyo mara moja ataelewa kwa nini hadithi hizo huanza taratibu mno, kwa mambo ya kawaida kabisa ya mtu na vitabu vyake. Soma hadithi moja, mbili zikizidi sana. Ya Jacobs huchukua kama nusu saa, ya Poe nusu ya hapo, na ukisoma zote mbili tanguliza ya Poe, kwa kuwa baada ya ule mlango mtulivu wa mwisho hakuna hadithi itakayosikilizwa vizuri. Watoto wadogo wabaki nyumbani. Si kwamba hawataelewa, ni kwamba mama zao ndio watakaokesha nao.

Ukimaliza, funga kitabu na usiulize watu wameonaje. Waache wanywe chai, wataanza wenyewe. Wanaopanda mlimani kati ya majabali waondoke kwa makundi, na wa mwisho kuondoka uwe wewe mwenye tochi, baada ya kuwatajia hadithi ya mwezi mpevu ujao kwa jina tu.