Kabla hujasaini mkopo wa nyumba Dar: usiishie kwenye rejesho la mwezi

Mtu akikaa mbele ya ofisa mikopo, swali la kwanza huwa, "Kwa mwezi nitakatwa ngapi?" Ni swali la mtu anayeishi kwa mshahara, na halina ubaya wowote. Shida ni kwamba jibu likishatoshea kwenye mshahara, wengi hawaulizi tena. Nyumba ya milioni 120 inageuka kuwa nyumba ya "milioni na laki tatu kwa mwezi", na ile miaka ishirini inatajwa juu juu tu. Mimi naona miaka ndiyo ya kujadiliwa kwanza, kwa sababu ndiyo inayopandisha bei ya mkopo kuliko kitu kingine chochote.

Tupige hesabu. Umeona nyumba Goba au Kigamboni, bei milioni 120. Una kianzio cha milioni 20, na benki inakubali kukukopesha milioni 100 kwa miaka 20, riba asilimia 15 kwa mwaka, inayopungua kadiri deni linavyopungua. Riba za mikopo ya nyumba nchini zimekuwa zikicheza kati ya asilimia 13 na 19 miaka ya karibuni, kwa hiyo hiyo 15 si mbaya. Rejesho lako la mwezi ni kama shilingi 1,316,800. Zidisha kwa miezi 240 unapata milioni 316. Umekopa mia, umerudisha mia tatu na kumi na sita, na kianzio chako bado hatujakihesabu.

Jumla hiyo inashtua, lakini mpangilio wake ndio unaouma zaidi. Mwezi wa kwanza riba peke yake ni 1,250,000. Maana yake katika rejesho lako zima, kinachopunguza deni ni shilingi 66,800 hivi. Mwezi wa pili kinaongezeka kidogo sana, wa tatu kidogo tena. Ukifikisha miaka mitano umeshalipa milioni 79, na bado unadaiwa milioni 94. Ukifikisha miaka kumi umelipa milioni 158, na deni lipo milioni 81 na ushee. Nusu ya deni, yaani kubakiza milioni 50, unaifikia mwaka wa 16. Benki haijakuibia; riba inatozwa kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lote lipo. Ila yule anayesema "nitakaa nalo miaka mitano, nikihamishwa kwenda Mwanza nitauza nyumba nimalize" anapaswa kuiona hiyo milioni 94 kabla hajasaini, asije kukutana nayo siku mnunuzi amepatikana.

Kwa hiyo omba jedwali la marejesho lote, mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, kwenye karatasi. Usikubali ukurasa mmoja wenye rejesho na tarehe ya kukatwa. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinamtaka mkopeshaji akueleze gharama za mkopo waziwazi, kwa hiyo huombi fadhila. Ukilipata, nenda moja kwa moja kwenye mstari wa mwezi wa 60, kisha wa 120. Usome pamoja na mwenzako, kwa sauti.

Halafu uliza mkopo huohuo kwa miaka 15 ungekuwaje. Rejesho linapanda hadi kama 1,399,600. Tofauti ni shilingi 83,000 kwa mwezi, na jumla ya malipo inashuka hadi milioni 252. Elfu themanini na tatu za kila mwezi zinakuokolea milioni 64. Kwa miaka 10 rejesho ni kama 1,613,400 na jumla ni milioni 193 na ushee; hapo ongezeko ni zito na si kila mshahara utalibeba. Kati ya 20 na 15, lakini, wengi wanaochukua 20 wangeiweza 15 kama mtu angewawekea hesabu zote mbili mezani. Muda mrefu huuzwa kama unafuu, na kweli ni unafuu kwa mwezi huo mmoja.

Kuna njia ya katikati. Chukua miaka 20 kwa usalama, ila ongeza laki moja kila mwezi juu ya rejesho. Kwa mkopo wetu wa mfano, deni linaisha baada ya miaka 14 na miezi michache, na unaokoa kama milioni 72. Mwezi mbaya ukija, Januari ya ada za shule kwa mfano, unalipa rejesho la kawaida na hakuna anayekudai zaidi. Uliza kwanza mambo mawili. Je, kuna adhabu ya kulipa kabla ya muda? Na hiyo ziada ukiipeleka, inapunguza deni la msingi (kile kiasi ulichokopa, bila riba) siku hiyohiyo, au inakaa kwenye akaunti ikisubiri kukatwa kama rejesho la mwezi ujao? Hili la pili ndilo linalowaponyoka watu. Pesa iliyokaa ikisubiri haikuokolei chochote. Taka jibu la maandishi, na kila ukipeleka ziada andika kuwa ni ya kupunguza deni la msingi.

Sasa aina ya riba. Nimesema "inayopungua", na neno hilo usilichukulie poa. Ipo mikopo, hasa midogo ya kumalizia ujenzi, ambayo riba yake hupigwa kwenye kiasi chote ulichokopa hadi mwisho, hata kama umeshalipa nusu. Milioni 10 kwa asilimia 15 ya namna hiyo, miaka mitatu, ni riba ya milioni 4.5 na rejesho la kama 402,800. Ukiigeuza iwe riba inayopungua, hiyo ni karibu asilimia 26. Mtu anaweza kukataa mkopo wa asilimia 18 inayopungua, akakimbilia wa 15 isiyopungua, akajiona mjanja.

Uliza pia kama riba imefungwa au inaweza kubadilika. Tangu Januari 2024 Benki Kuu imekuwa ikitangaza riba yake ya sera, ile inayotumia kuongoza gharama ya pesa kwenye mabenki: ilianza na asilimia 5.5, ikapanda hadi 6 Aprili mwaka huo, ikashuka hadi 5.75 Julai 2025. Benki yako haifuati hatua kwa hatua, lakini mkataba unaweza kuipa ruhusa ya kurekebisha riba "kulingana na hali ya soko". Tafuta sentensi hiyo. Uone inakupa notisi ya muda gani na kama kuna kikomo. Kisha jipime: kwa asilimia 17, rejesho la mfano wetu linafika kama 1,466,800, laki na nusu zaidi kila mwezi. Kama hiyo laki na nusu inavunja nyumba, umekopa hadi ukingoni.

Wengine hujifariji kwamba pesa inapungua thamani, kwa hiyo rejesho la leo litakuwa dogo baada ya miaka kumi. Lina ukweli kiasi. Ila mfumuko wa bei Tanzania umekuwa wastani wa asilimia 3.8 mwaka 2023 na 3.1 mwaka 2024, wakati wewe unalipa 15. Pengo hilo unalifunika kwa mshahara unaopanda au ardhi inayopanda, na hakuna aliyekusainia kwamba chochote kati ya hivyo viwili kitapanda.

Tuje kwenye pesa ya kuingilia, ambayo haishii kwenye kianzio. Kuna ushuru wa stempu asilimia 1 ya bei. Kuna wakili, mthamini, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, na ada ya kusajili rehani. Kodi ya ongezeko la mtaji, asilimia 10 ya faida, kisheria ni ya muuzaji, lakini Dar utasikia "mimi naitaka milioni 120 yangu kamili mkononi", maana yake ameshakurushia wewe. Nyumba mpya kutoka kwa mjenzi, uliza kama bei iliyotangazwa ina VAT ya asilimia 18 ndani yake au inakuja juu. Fahamu pia kwamba mthamini huweza kuja na thamani ndogo kuliko bei mliyokubaliana, na benki hukopesha kwa kuangalia karatasi yake. Pengo lililobaki ni lako. Ningetenga walau asilimia tano ya bei nje ya kianzio kabla ya kwenda benki. Na tafadhali, pengo hilo usilizibe kwa mkopo wa kausha damu.

Ukishahamia, gharama hazilali. Bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto kwa kawaida ni masharti ya mkopo. Uliza zinalipwa mara moja au kila mwaka, na kama unaruhusiwa kutafuta kampuni yako mwenyewe. Kodi ya majengo inakatwa kwenye LUKU, ndogo tu. Kodi ya pango la ardhi ni ya kila mwaka na ikilimbikizwa inakuja na adhabu. Kwenye ghorofa, chini ya ile sheria ya mwaka 2008 ya umiliki wa sehemu za jengo, unachangia lifti, jenereta, walinzi na maji ya pamoja. Omba kuona mchango huo umekuwa kiasi gani miaka mitatu iliyopita, na wangapi hawajalipa, kwa sababu lifti ikifa ni nyinyi mnaolipa ndio mtakaoitengeneza.

Mahali penyewe pana bei yake. Ukinunua Kigamboni, hesabu tozo ya Daraja la Nyerere au nauli ya kivuko, kwenda na kurudi, mara miaka ishirini. Karibu na bahari, chumvi inakula nondo, mageti na mabati. Kama ni bondeni, nenda ukapaone wakati wa masika. Nenda siku mvua imenyesha usiku kucha, zungumza na mama ntilie wa pale na fundi wa pikipiki, watakuambia maji yanafika wapi. Dalali atakuambia yalifika mara moja tu, zamani.

Hati nayo inaingia kwenye hesabu hii. Leseni ya makazi si sawa na hati miliki, na benki nyingi kwa mkopo wa miaka mingi zinataka hati. Na hati ina umri: kuna za miaka 33, 66 na 99. Kama ya muuzaji imebakiza miaka 12, mkopo wa miaka 20 hauingii humo. Fanya upekuzi kwa Msajili wa Hati kabla ya kulipa hata kianzio.

Upande wako mwenyewe, angalia mambo ambayo benki itayaangalia hata hivyo. Baada ya makato yote mshahara unapaswa kubaki walau theluthi, kwa hiyo mkopo wa gari unaoendelea unakula nafasi ya nyumba. Umri wa kustaafu unakata muda: mwenye miaka 45 hawezi kupewa miaka 20 kama mshahara wake utakoma akiwa na 60. Na kama nyumba hiyo ni makazi ya familia, Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka ridhaa ya mwenza wako kwenye rehani. Wapo wanaoiona kama saini ya usumbufu. Mimi naiona kama nafasi ya mwisho ya mtu mwingine kulisoma lile jedwali.

Pima pia njia nyingine uliyo nayo. Watu wa jiji hili wamejenga Chanika, Kivule na Bunju kidogo kidogo, tofali kwa tofali, bila benki. Haina riba, lakini ina kodi ya nyumba unayoendelea kulipa miaka yote ya ujenzi, saruji inayobadilika bei, na mlinzi wa kulinda nondo zisiondoke usiku. Ziweke hizo nazo kwenye karatasi kabla hujasema kujenga ni bure. Asiyetaka riba kwa sababu ya dini anaweza kuuliza benki za Kiislamu, Amana kwa mfano, ambako benki hununua na kukuuzia kwa faida inayojulikana tangu mwanzo. Bei ya mwisho bado ni ya kulinganishwa shilingi kwa shilingi.

Kuhusu siku mbaya: ukishindwa kulipa, sheria inamtaka mkopeshaji akupe notisi, na una siku 60 za kurekebisha kabla hajachukua hatua za kuuza. Siku 60 ni chache mno kwa aliyepoteza kazi. Weka akiba ya marejesho ya miezi sita, kwenye akaunti ambayo benki inayokukopesha haiigusi, na uianze kabla ya kupaka rangi. Ukiona mambo yanayumba, nenda mwenyewe kuomba kupangiwa upya marejesho kabla hujachelewa mwezi hata mmoja, maana taarifa za kuchelewa huingia kwenye kanzidata za taarifa za wakopaji, na benki nyingine zote huziona.

La mwisho ni la siku ya kumaliza, na lina ada yake pia. Kulipa rejesho la 240 hakuondoi rehani kwenye daftari la msajili. Inabidi benki isaini hati ya kuiondoa rehani, isajiliwe, ndipo hati yako irudi ikiwa safi. Uliza tangu sasa nani analipia hatua hiyo na inachukua muda gani, na uone kama mkataba unaitaja benki kuwa na wajibu wa kuianza. Kama mkataba hautaji hilo, omba liongezwe kabla ya kusaini.