Namna ya Kuigiza Tungo za Muyaka Katika Duara, kwa Njia ya Tayeb Saddiki

Tayeb Saddiki, mwandishi, mwigizaji na mwelekezaji wa michezo ya kuigiza wa Moroko, alizaliwa Essaouira, mji wa bandari wenye kuta na mizinga kwenye pwani ya Atlantiki, akafariki Casablanca mwaka 2016. Ujanani alijifunza sanaa yake Ufaransa, akafanya kazi na Jean Vilar, mwelekezaji wa michezo wa Kifaransa, na aliporudi kwao aliigiza sana michezo ya Ulaya iliyogeuzwa kuwa ya Kiarabu. Kisha akaigeukia halqa, yaani duara ambalo watu hulifanya uwanjani kumzunguka msimulizi, na humo akaziingiza tungo za Sidi Abderrahman al-Majdoub, mshairi mtembezi wa karne ya 16, ambaye beti zake za mistari minne zilikuwa zingali vinywani mwa watu wa kawaida.

Sisi wa Mombasa tunaye mshairi Muyaka bin Haji, aliyeishi takriban miaka ya 1776 hadi 1840, na diwani yake ilichapishwa mwaka 1940. Naamini kwa dhati kwamba njia ya Saddiki inamfaa kuliko jukwaa lenye pazia.

Anza kwa kuchagua tungo sita au saba, na uzipe nafasi ya mbele zile za kujibizana, kwa kuwa mgogoro tayari umo ndani yake. Kabla ya kugawa sehemu, mwendee mzee anayekijua vizuri Kimvita, lahaja ya Mombasa, umsomee kila ubeti polepole, na uandike maelezo yake. Usithubutu kuyasanifisha maneno. Ukigeuza “mato” ya mwisho wa kipande kuwa “macho”, mizani minane ya kipande itabaki kamili, lakini kina kitavunjika, na sikio la mtu wa Mji wa Kale litalijua kosa hilo papo hapo.

Mpe msimulizi mmoja kazi ya kulifungua duara. Katika mchezo wa al-Majdoub, Saddiki aliwaanzisha watazamaji katika uwanja wa Jemaa el-Fna wa Marrakech, wakawaona wasimulizi kwanza, kisha ndipo wahusika wakazaliwa kutoka kwao. Nawe fanya vivyo hivyo: waigizaji wakae miongoni mwa watu, wakiwa na kanzu na kofia zao za kila siku, na kila mmoja ainuke pale ubeti wake unapoitwa. Ngoma moja na zumari vinatosha. Muziki usichukuliwe kama pambo, kwani vijana waliopitia kundi la Saddiki ndio walioanzisha Nass el Ghiwane, kundi la waimbaji ambalo Moroko nzima ililijua.

Mahali pa kuigizia ndipo panapohitaji fikira nyingi zaidi. Tafuta uwanja ulio wazi, mbali na kelele za magari, upate ruhusa mapema kwa wanaousimamia, na uanze baada ya sala ya Alasiri ili umalize kabla ya adhana ya Magharibi. Tandika majamvi kwa ajili ya watoto mbele, wazee wawekewe viti, na wengine wasimame nyuma. Safu zikizidi nne, sauti haifiki. Pima upepo pia, kwa maana wakati wa kusi mwigizaji anayeukabili hupotezewa maneno yake, hivyo msimulizi aupe mgongo, na wenzake wazunguke mara kwa mara ili pasiwe na upande unaotazama visogo tu.

Fanyeni mazoezi katika duara tangu siku ya kwanza. Mtazamaji akidakia mshororo anaoujua, mwigizaji amwachie aumalize, kisha aupokee. Baada ya mchezo, kabla ya majamvi kukunjwa, keti na wazee waliokuwapo, uwaulize ni neno gani lilitamkwa vibaya, na uliandike pembeni mwa ubeti wake, ili lisahihishwe kabla ya onyesho la pili.