Gari likiwa chongo: fyuzi ya taa kubwa unaitafutaje na unaibadilije

Mimi ni mama wa mayai. Kuku nafugia Kibaha, mteja wangu mkubwa yuko Manzese, Dar es Salaam, na katikati kuna Toyota Probox yangu nyeupe inayobeba trei 120 kila Jumanne na Ijumaa. Naondoka saa kumi alfajiri ili Kimara niipite kabla foleni haijakaza. Kwa hiyo karibu safari yote naenda gizani.

Miaka kadhaa nyuma, barabara ya Morogoro ikiwa bado haijapanuliwa kuwa njia nane, nilikuwa nimeshapita Kiluvya, lori linalotoka mjini likanipiga full, yaani taa za mwanga wa mbali, mara mbili. Nikajua ananitonya kuna trafiki mbele. Nikapunguza mwendo, nikakaa vizuri kwenye kiti. Trafiki hakuwepo. Lori la nyuma yake likachomoza kumpita mwenzake, likaja upande wangu kama vile mimi sipo barabarani. Niliingia kwenye changarawe na mzigo wote. Niliposimama kituo cha mafuta nikahesabu mayai 47 yaliyopasuka.

Taa yangu ya kulia ilikuwa imezima. Sisi tunaendesha kushoto, na taa ya kulia ndiyo inayomwonyesha anayekuja gari lako linaishia wapi. Ikifa hiyo, anabaki kuona taa moja tu huko pembeni kabisa, naye anajisemea, aah, pikipiki hiyo, tutapishana. Kijana wa kituoni akachungulia, akasema, "Mama, globu imeungua hiyo." Kulipokucha nikanunua globu. Haikuwaka. Kumbe fyuzi, kile kipande kidogo kinachokatika ili kulinda waya, kitu ambacho bei yake haifiki chai na chapati mbili.

Kabla hujatoa hela, soma dalili

Vigari vingi vya Kijapani vya umri wa langu vinatumia globu ya H4. Ni globu moja yenye nyuzi mbili ndani, mmoja wa dim, yaani mwanga wa chini, na mwingine wa full. Ubavuni imeandikwa 60/55W: full wati 60, dim wati 55. Sasa washa taa, simama mbele ya gari, mwambie mtu abadilishe dim na full.

Upande mmoja ukikosa dim lakini full inawaka, au kinyume chake, hiyo ni globu. Uzi mmoja umekatika, mwingine mzima. Upande mmoja ukifa dim na full kwa pamoja, anza na fyuzi, kwa sababu nyuzi mbili kukatika siku moja si jambo la kawaida. Pande zote mbili zikizima kwa mpigo, usihangaike na fyuzi ndogo za pembeni: mshukiwa ni relei (swichi ndogo inayoendeshwa na umeme), swichi ya kwenye usukani, au fyuzi kubwa inayolisha mfumo mzima wa taa. Hapo mimi namwita fundi umeme, sioni aibu.

Kuna dalili nyingine ambayo kijana wa mafuta hakuijua, na mimi wakati ule nilidhani macho yangu yamechoka. Taa iliyokufa haikuwa imekufa kabisa. Ukiisogelea, ndani kulikuwa na wekundu hafifu, kama kaa la mkaa lililofunikwa majivu. Na kwenye dashibodi ile alama ya bluu ya full ilikuwa inawaka kwa mbali, ilhali niko kwenye dim. Baadaye ndiyo nikaeleweshwa. Kwenye magari yenye mpangilio kama wa langu, kila taa inapata chanya kupitia fyuzi yake, na swichi inakatia upande wa hasi. Fyuzi ya kulia ikikatika, umeme wa taa ya kushoto unajitafutia njia: unapita kwenye uzi wa full wa kushoto, unavuka hadi uzi wa full wa kulia, unarudi kwa uzi wa dim wa kulia, ndipo unafika kwenye hasi. Nyuzi tatu zimegawana volti 12, hakuna unaowaka sawasawa. Ukiona ule wekundu na ile bluu, usinunue globu. Globu iliyokatika haiwi kaa.

Magari ambayo dim na full zina globu tofauti yana kawaida ya kuwa na fyuzi tofauti pia, kwa hiyo kwako inaweza kukatika ya dim peke yake.

Kisanduku

Zima taa, zima gari, toa ufunguo. Kama umevaa pete au saa ya chuma, vua, maana utapeleka mkono karibu na betri. Fungua boneti. Kwenye Probox yangu, kisanduku cha fyuzi za taa kubwa ni kile cheusi kilicho karibu na betri. Kifuniko kinashikwa na vishikizo vya plastiki. Bonyeza kwa kidole gumba, usichokoe na bisibisi, plastiki ya zamani inavunjika kama biskuti, na kisanduku kisicho na kifuniko kinakunywa maji masika yakianza. Kuna kisanduku kingine chini ya dashibodi, karibu na magoti ya dereva. Kwangu hicho kina mambo ya redio na waipa, taa kubwa hazimo. Kama gari lako si Toyota, tazama vyote viwili.

Ndani ya kifuniko kuna ramani. Kwenye Toyota tafuta HEAD au H-LP, kisha RH au LH. RH ni kulia, LH ni kushoto. Ukikuta ramani yote ni Kijapani, piga picha na simu uitafsirie hapohapo.

Hapa nikuambie kosa langu la kwanza. Nilikuwa nimesimama mbele ya gari, natazamana nalo, taa mbovu iko upande wa mkono wangu wa kushoto. Nikachomoa LH. Nikawasha: giza pande zote. Nilikaribia kutokwa machozi. Kulia na kushoto kwa gari kunahesabiwa ukiwa umekaa kwenye usukani, si ukiwa umesimama unalitazama usoni. Na kwa kuwa magari yetu usukani uko kulia, RH ni taa ya upande wa dereva.

Kuichomoa na kuisoma

Ndani ya kisanduku au kwenye kifuniko huwa kuna kibano kidogo cha plastiki cha kuchomolea. Huwa, nasema, kwa sababu kwenye gari lililopita gereji nne hukikuti. Mimi natumia kibano cha nyusi, nacho nimekifunga utepe wa umeme kwenye ncha. Shika fyuzi kichwani, vuta wima. Usiyumbishe kushoto na kulia kama unang'oa jino, utapanua meno ya soketi, na fyuzi mpya itakaa legelege, ipate moto.

Inyanyue kwenye mwanga. Mwili wake unaonyesha ndani, na katikati kuna kidaraja chembamba cha bati kilichopinda. Kidaraja kizima, fyuzi nzima. Kikiwa na pengo, imekatika. Tazama vilevile namna ilivyokatika. Ukiona pengo dogo safi, huenda imechoka tu. Ukiona moshi mweusi umetapakaa ndani ya plastiki, kulikuwa na shoti ya nguvu, na ujue kazi yako haijaisha.

Macho yakigoma, kuna njia ambayo haihitaji hata fyuzi ya akiba. Chukua ile ya taa ya upande mzima, ichomeke kwenye nafasi ya upande mbovu, kisha washa. Taa mbovu ikiwaka, mchawi ni fyuzi. Isipowaka, rudi kwenye globu na soketi yake. Mwenye taa ya kupimia anaweza kupima bila kuchomoa: waya mmoja kwenye bodi, ncha nyingine iguse vile vitundu viwili vya juu ya fyuzi, taa za gari zikiwa zimewashwa. Ikiwaka kwenye vitundu vyote, fyuzi nzima. Ikiwaka kwenye kimoja tu, imekatika. Yangu nilijitengenezea kwa globu ya wati 5 na waya mbili.

Rangi si mapambo

Juu ya fyuzi kuna namba, nayo ni ampea. Rangi inafuata namba: kahawia ni 7.5, nyekundu 10, bluu 15, njano 20, kijani 30. Yangu ya taa kubwa ni nyekundu, 10. Ukienda duka la spea beba ile iliyoungua, usiende na maelezo ya mdomo, kwa sababu namba ni moja lakini maumbo ni zaidi ya moja, kuna kubwa na kuna ndogo, na ya kubwa haiingii kwenye tundu la ndogo hata ukiibembeleza. Nunua tano. Kabla ya kwenda dukani, chungulia pia kwenye kisanduku chenyewe, kuna nafasi zimeandikwa SPARE.

Sasa mkasa. Mara ya pili fyuzi ilipokatika nilikuwa mbali na nyumbani, nikamsimamisha fundi mmoja wa barabarani. Akapekua mfuko wake, akatoa ya kijani. Nikamwambia, "Fundi, mbona iliyotoka ni nyekundu?" Akacheka. "Mama, hii ndiyo kiboko. Haikati tena." Alisema kweli, haikukata tena. Wiki tatu baadaye nilisikia harufu ya plastiki inayoungua, na nilipofungua boneti soketi ya taa ilikuwa imeyeyuka ikashikana na globu. Nililipa soketi, waya na kutwa nzima ya fundi mwingine, na mayai ya Ijumaa ile yalichelewa hadi Jumamosi.

Piga hesabu mwenyewe. Wati gawanya kwa volti unapata ampea. Wati 60 kwa volti 12 ni ampea 5. Fyuzi ya 10 inaitosha taa hiyo na nafasi inabaki. Ya 30 inangoja moto ufike mahali ambapo waya hauna uwezo wa kuungoja. Fyuzi imewekwa iwe ndiyo dhaifu kuliko vyote, ife yenyewe waya upone. Ndiyo maana ile karatasi ya kung'aa ya pakiti ya sigara, uzi wa waya, au bati la kopo mahali pa fyuzi ni hatari sana. Ukikwama usiku, azima fyuzi ya namba ileile kutoka kitu usichokihitaji mpaka ufike. Honi usiiguse.

Ikikata tena papo hapo

Weka mpya, ibonyeze hadi ikae chini kabisa, washa. Ikikaa, funga kifuniko. Ikikata palepale, usiweke ya tatu. Chomoa soketi nyuma ya globu, weka fyuzi, washa tena. Ikishika safari hii, ubaya uko kwenye globu au soketi. Ikikata hata bila globu, waya wenyewe umegusa bodi mahali fulani kati ya kisanduku na taa. Fuata huo waya kwa macho na tochi, hasa unapopita kwenye kona za bati.

Kwangu ilikuwa panya. Mfugaji hukosi panya, wanafuata pumba, na injini yenye joto la jioni wao wanaona gesti. Walikuwa wameguguna ganda la waya nyuma ya taa ya kulia, urefu wa nusu kidole, shaba inaonekana inang'aa. Mimi niliufunga kwa utepe nikafika sokoni, kisha fundi akaukata na kuunga waya wa unene uleule. Wengine wanajiletea wenyewe kwa kuosha injini na maji ya presha, au kwa kununua globu ya wati 100 ili wawamulike wenzao. Hiyo inavuta zaidi ya ampea 8, pembeni kabisa ya fyuzi ya 10, na soketi haikutengenezwa kwa joto hilo. Ukibadilisha globu, usishike kioo chake kwa vidole, mafuta ya mkono yanaichosha mapema.

Nikimaliza kazi sitoki moja kwa moja. Nageuza gari litazame ukuta, hatua kama tano, nawasha dim, natazama mwanga wa pande mbili uko kimo kimoja na weupe mmoja, kisha full, kisha natazama ile bluu ya dashibodi kama inawaka na kuzima inavyotakiwa. Ukuta nilionao ni wa banda la kuku. Mara ya kwanza nilifanya hivyo saa tisa na nusu usiku, full ikapenya kwenye matundu ya matofali, kuku banda zima wakadhani kumekucha, na mpwa wangu akatoka na rungu akiuliza, "Shangazi, wezi?"