Kombe Huanzia Kwenye Kalenda: Namna ya Kuiongoza Timu ya Chuo Kikuu Hadi Ubingwa

Mtu anayekabidhiwa timu ya soka ya chuo kikuu nchini Uganda kwa mara ya kwanza huwa na hamu ya kukimbilia uwanjani, kuchagua mfumo wa uchezaji na kumsaka mfungaji wa mabao. Mimi, baada ya misimu kadhaa ya kuwa meneja wa timu ya namna hiyo, humshauri atafute kwanza karatasi pana, kalamu mbili za rangi tofauti na kalenda ya masomo ya chuo chake. Klabu ya ligi kuu humlipa mchezaji ili acheze, ilhali chuo humpokea mwanafunzi ili asome, na mpira hupewa saa zinazobaki. Nimeziona timu zenye vipaji vingi zikitolewa mashindanoni kwa sababu beki wao wa kati alikuwa katika chumba cha mtihani siku ya robo fainali.

Vyuo vyetu vingi hugawa mwaka katika mihula miwili, na Makerere, kwa mfano, huhesabu majuma 17 kwa muhula, ambayo mawili ya mwisho ni ya mitihani. Kwa kalamu ya kwanza andika juma la kufungua, majuma ya majaribio ya katikati ya muhula, siku ya mwisho ya kulipa ada, majuma ya mitihani, pamoja na kipindi cha mafunzo kwa vitendo ambacho huwatawanya wanafunzi wa uhandisi, ualimu na kilimo katika wilaya za mbali. Kwa kalamu ya pili andika mechi, mara tu waandaaji watakapotoa ratiba. Pale rangi mbili zinapokutana katika juma moja, ndipo ubingwa wako ulipo hatarini, nawe una miezi kadhaa ya kujitayarisha badala ya siku mbili.

Hatua inayofuata huwashangaza wengi: muulize kila mchezaji anasoma kozi gani kabla ya kumpa nafasi kikosini. Ukiwa na mabeki wawili wa kushoto, na wote wawili wanasoma sheria mwaka wa pili, huna mabeki wawili, kwa maana jaribio litakalomzuia mmoja litamzuia na mwenzake siku iyo hiyo. Katika kila nafasi, na hasa langoni, jitahidi mchezaji wa kwanza na wa akiba watoke vitivo tofauti. Ukikosa njia hiyo, mfundishe kiungo mmoja kucheza beki mapema, angali na muda wa kukosea mazoezini. Zungumza pia na wahadhiri kwa adabu na kwa maandishi, ukipitia kwa mwalimu wa michezo wa chuo, majuma matatu au manne kabla ya mechi. Barua inayofika mapema aghalabu hukubaliwa, na ile inayofika asubuhi ya jaribio humfanya mhadhiri aione timu nzima kuwa genge la watoro.

Usajili nao usiuachie mtu mwingine. Kila mashindano yana kanuni zake kuhusu nani anastahili kucheza, na kwa kawaida huhitajika kitambulisho cha chuo kisichopitwa na wakati, uthibitisho kwamba mwanafunzi amejisajili katika muhula unaoendelea, na picha. Mchezaji asiyelipa ada huenda akawa bado anahudhuria madarasa na mazoezi huku jina lake halimo kwenye orodha rasmi ya wanafunzi, na jambo hilo hutalitambua mpaka wapinzani wakate rufaa. Chuo kimoja nilichokitumikia kilishinda mechi kwa mabao matatu, kikaimba usiku kucha, kisha alama zote tatu zikaenda kwa wapinzani mezani kwa sababu ya winga mmoja ambaye usajili wake wa muhula haukuwa umekamilika. Tangu hapo nimekuwa nikikagua faili za wachezaji mara mbili, mwanzoni mwa msimu na tena kabla ya hatua ya mtoano, na yeyote mwenye deni la ada humpeleka kwa mlezi wa wanafunzi wakati bado kuna nafasi ya kutafuta msaada au kupanga malipo kidogo kidogo.

Wachezaji wenyewe watafute katika mechi za mabweni na za vitivo, ambako kijana hucheza bila kujua kwamba anatazamwa. Nenda mara mbili au tatu, na uende hasa siku timu yake inapofungwa, maana hapo ndipo utakapojua kama hurudi kukaba au husimama akiwalaumu wenzake. Kikosi cha wachezaji 25 hivi kinatosha. Kwa kuwa kozi nyingi za shahada huchukua miaka mitatu, usijaze kikosi kwa wanafunzi wa mwaka wa mwisho pekee hata kama ndio wenye uzoefu zaidi, kwani wote wataondoka siku moja na mrithi wako ataanza na uwanja mtupu.

Mazoezi hufanyika jioni, baina ya mwisho wa vipindi na giza, nalo giza la huku karibu na ikweta huingia kwa haraka, saa moja ya usiku au dakika chache kabla yake. Ukianza saa kumi na nusu una muda wa saa mbili kamili, na dakika 20 za mwanzo zitumie kwa mpango wa kupasha misuli uliotayarishwa na FIFA, ambao huitwa 11+. Mpango huo una mazoezi 15 katika sehemu tatu, yakianza na kukimbia polepole, yakiendelea na nguvu na mizani ya mwili, na kumalizia kwa mbio za kasi, na hauhitaji kifaa chochote ila mpira. Ukifanywa angalau mara mbili kwa juma, kwa mkao sahihi, hupunguza majeraha ya goti na ya misuli ya nyuma ya paja. Kwangu mimi, timu isiyo na daktari wala chumba cha barafu haina dawa nyingine inayoukaribia. Mvua za Machi hadi Mei zitakuharibia baadhi ya jioni, hasa kwenye viwanja vyetu vya udongo mwekundu ambavyo huteleza kama sabuni, kwa hiyo siku za namna hiyo waweke darasani uwachoree kona na faulo ubaoni.

Jambo dogo ambalo makocha hulipuuza ni lugha ya uwanjani. Timu ya chuo cha Kampala inaweza kuwa na Mganda wa Buganda, Mwacholi, Mnyankole, Mkenya, mwanafunzi kutoka Sudan Kusini na mwingine kutoka Kongo, na mpira unapopaa juu ya kisanduku hakuna muda wa kutafsiri. Chagueni maneno machache, yawe ya Kiswahili kwa kuwa hayalipendelei kabila lolote kati yao: “yangu” kwa kipa anayetoka, “nyuma” kwa adui asiyeonekana, “geuka” na “peke yako” kwa mwenye nafasi. Yarudieni mpaka yatamkwe bila kufikiri.

Safari zipange kwa kuwaheshimu wachezaji. Kutoka Kampala hadi Mbarara ni takriban kilomita 270, na hadi Gulu ni takriban 330, na anayeondoka alfajiri ili acheze alasiri huwashusha vijana wenye miguu iliyokufa ganzi. Ikiwa fedha zinatosha kwa usiku mmoja tu wa malazi katika msimu mzima, utumie kwa mechi ya mbali zaidi. Chakula kikuu kiliwe saa tatu au nne kabla ya mechi, nacho kiwe kile tumbo lilichokizoea, kama matoke au posho, yaani ugali, na maharage, na mchuzi wa karanga uwe kidogo. Rolex ya kando ya barabara, yaani chapati iliyoviringishwa na mayai, ni tamu, nami siikatai, lakini mafuta yake hayafai saa moja kabla ya kipenga. Mchezaji mwenye homa apimwe malaria na apumzike, na aliyegongwa kichwa akaonekana kuduwaa atoke na asirudi uwanjani siku hiyo, hata akikuapia kwamba yu mzima.

Hesabu za makundi ni rahisi kuliko zinavyotangazwa. Tuseme kundi lina timu nne, mbili za juu zikisonga mbele, kila moja ikicheza nyumbani na ugenini, ambazo ni mechi sita na alama 18. Ukishinda mechi zote tatu za nyumbani na kutoka sare zote tatu za ugenini, unapata 12, na kwa matokeo hayo haiwezekani timu mbili zikupite: kila mpinzani amechukua alama moja tu kwako, na hata mmoja wao akiwafunga wengine wote anaishia na 13, huku anayemfuata akiachwa nyuma yako. Basi mechi ya ugenini usiicheze kwa pupa ya kushinda ikiwa umeshika nyumbani kwako. Weka pia daftari la kadi za njano, ujue kanuni za mashindano zinamfungia mchezaji baada ya ngapi, na umpumzishe kiungo wako mkali kabla refa hajakupumzishia katika nusu fainali.

Katika mtoano, penalti huamua makombe mengi, nazo watu huzifanyia mazoezi wakiwa hawajachoka. Zifanyeni mwishoni mwa mazoezi, miguu ikiwa imechoka, kila mpigaji akitembea peke yake kutoka katikati ya uwanja hadi alama ya mita 11. Kipa akumbushwe kwamba sehemu ya mguu wake mmoja lazima iwe kwenye mstari wa goli, sambamba nao au nyuma yake mpira unapopigwa, la sivyo penalti aliyoiokoa inaweza kurudiwa. Kumbuka kwamba wanaoruhusiwa kupiga ni wale waliokuwa mchezoni filimbi ya mwisho ilipolia, kwa hiyo kabla ya kufanya badiliko la dakika za mwisho, itazame orodha yako ya wapigaji watano na uone unamtoa nani.

Mkishinda, wape vijana jioni yao, lakini hesabu jezi kabla basi halijaondoka uwanjani, maana jezi ya bingwa hupotea upesi kuliko nyingine zote. Kesho yake fungua tena ile karatasi ya rangi mbili na uzungushie duara majina ya wanaohitimu.